Nyuma ya Mama Mkwe

Jumatatu, 14 Oktoba

Mvua imeshika tangu jana alasiri, na leo kijiji chetu chote cha Mavuko kimeinama shambani kupanda ndengu. Nimefungua duka langu la dawa za mifugo pale Kyuso kwa saa chache tu, nikauza dawa ya kupe, nikafunga, nikarudi nyumbani na matope hadi magotini. Nina furaha kama mtoto. Nitaandika habari za msimu huu mpaka ndengu ziingie gunia. Ninaandika kwa Kiswahili ili nijizuie, kwa sababu matusi yangu mazuri yote ni ya Kikamba.

Jumamosi, 19 Oktoba

Chifu ameita baraza. Watu wa kampuni wamekuja na magari mawili na kofia za plastiki, wakatuonyesha mawe mekundu waliyoyatoa kwenye kilima chetu. Ndani yake kuna chuma. Wanataka kilima na bonde lililo chini yake. Katikati ya bonde kuna shamba la mama mkwe wangu, Syombua. Shamba hilo ndilo analolima, ndimo alimowazika mumewe na mwanawe wa pekee wa kiume. Waliobaki ni mabinti, na mkubwa wao ni mke wangu Nzisa.

Chifu amesema hakuna atakayeamua kwa niaba yetu. Watu wazima wa Mavuko watapiga kura wenyewe, na upande wenye wengi ndio utakaofuatwa. Mgodi ukikataliwa, kampuni inaondoka. Ukikubaliwa, wenye mashamba wanalipwa fidia na kuhama.

Syombua alikuwa ameketi na wanawake, leso imefunika nusu ya uso kwa ajili yangu, mkwewe. Musyimi, tuliyetahiriwa naye mwaka mmoja, alisimama na koti lake la suti juu ya fulana ya kampeni, akasema maendeleo yamepiga hodi. Nilimwuliza kama maendeleo yamemlipa tayari au atalipwa mwisho wa mwezi. Watu walicheka sana. Nimechaguliwa mwenyekiti wa kamati ya kupinga mgodi.

Jumapili, 20 Oktoba

Mvua. Ndengu hazijachomoza.

Jumanne, 29 Oktoba

Zimechomoza. Syombua amepanda bonde lote hadi kwenye makaburi. Nimemwona kwa mbali akitembea na fimbo yake katikati ya mistari, nikageuka nikapita njia ya juu.

Mtu asiyetoka huku atashangaa. Kwetu mwanamume na mama mkwe wake huoneana haya, nayo tunaiita nthoni. Hawapeani mikono, hawali chungu kimoja, hawatajani majina, wakikutana njiani mmoja anaingia kichakani. Mkwe akimgusa, aibu inamwangukia mama mkwe zaidi kuliko yeye. Anayetaka mambo yalegezwe anampelekea mbuzi, mbuzi anachinjwa, watu wanakula, basi. Miaka yote niliyokaa na Nzisa sijawahi kumsikia mama yake akiniambia hata pole. Mimi naona ni upuuzi wa kale na nimekuwa nikisema hivyo sokoni. Lakini njia ya juu naipita.

Jumamosi, 9 Novemba

Baraza la pili. Leo nimewapiga vizuri.

Karani aliyetumwa kusimamia kura ametupa nafasi ya kuchagua: masanduku ya siri, au tupange mistari miwili uwanjani na kila mtu asimame upande anaoutaka. Kaveke, jirani yangu, aliinuka. Kaveke ni fundi wa mabati ambaye nyumba yake mwenyewe inavuja. Mkewe figo zimekufa, na Musyimi ndiye humpeleka hospitali ya Mwingi kwa gari lake kila wiki akasafishwe damu.

"Mimi naomba tu masanduku," Kaveke akasema. "Sisi wote hapa ni watu wa kusaidiana. Mtu apige kura yake, arudi nyumbani, asiulizwe."

Nilijua anachotaka kusema. Kila mtu alijua. Nikainuka.

"Kaveke anataka kujificha ndio afanye nini? Mwanaume anajificha akienda haja peke yake. Hii ni shamba ya mama ya watu! Kama umeuza roho, simama kwa jua tukuone!"

Uwanja ulilipuka kwa kicheko. Wanawake walishika mbavu. Kaveke alibaki amesimama na kofia yake mkononi, akitabasamu kama mtu aliyepigwa kofi mbele ya wageni, kisha akaketi. Mikono iliinuliwa, mlolongo, yaani kura ya mistari, ukapita. Hata Musyimi aliinua mkono wake, na hilo lilinishangaza kidogo.

Nilimweleza Nzisa jioni. Hakucheka. Aliuliza tu kama mke wa Kaveke alikuwepo. Alikuwepo.

Jumatano, 13 Novemba

Kikundi chetu cha mwethya, kile cha kulimiana mashamba kwa zamu, leo kilikuwa kipalilie kwa Kaveke. Nilipendekeza tumruke, tuone kama Musyimi atamlimia pia. Tulipiga kura, nikashinda. Tukapalilia kwangu badala yake. Magugu ya Kaveke yamefika kiunoni na sina huruma.

Alhamisi, 21 Novemba

Mbuzi watatu wa wanakamati wetu wamekufa kwa sumu. Mmoja ni wangu. Wa upande wa pili wanasema tumewaua wenyewe ili tuonewe huruma. Nimemwambia binamu ya Musyimi, aliyekuja dukani kununua dawa ya minyoo, kwamba sina. Ilikuwa kwenye rafu nyuma yangu.

Mumina, mwenye duka la jirani, alikuwa amesimama mlangoni. Ni mama wa Kisomali, familia yao ilikuja Kyuso zamani na ana vyumba vya kupangisha nyuma ya duka. "Mwenyekiti," akaniambia, "nyinyi mtaishi na nani hii mambo ikiisha?" Nikamwambia awaulize waliotia sumu.

Jumamosi, 30 Novemba

Ndengu zimetoa maua. Mavuko imegawanyika hadi kanisani, wanaotaka mgodi wanaketi kushoto.

Jumamosi, 7 Desemba

Kamati imekutana kwangu. Kila mstari lazima uwe na mtu wa kusimama mbele, na wengine wapangane nyuma yake. Wao watamweka Musyimi. Nilikuwa nimejiandaa kukubali, hata maneno ya kushukuru nilikuwa nayo. Lakini wanawake walisema mbele asimame mwenye shamba, ili kila anayekwenda upande wa pili apite akimwangalia usoni. Tukapiga kura. Nilishindwa vibaya na mama mkwe wangu ambaye hata hakuwepo chumbani, kwa kuwa nilikuwemo mimi.

Nilikasirika, nakubali. Lakini ni wazo zuri. Halafu mzee mmoja wa kamati akakohoa: "Na wakwe wake? Mnajua karani amesema kila mtu atashika bega la aliye mbele yake, ndio hesabu isirudiwe. Mstari utakuwa umebanana."

Wanaume waliooa mabinti wa Syombua tuko kadhaa, na waliooa mabinti wa ukoo wake, ambao nao wanamhesabu kuwa mama mkwe, ni wengi zaidi. Wakakubaliana kila mmoja apeleke mbuzi kabla ya siku ya kura, yaishe.

Nikawaambia sipeleki. Mwananchi hatoi mbuzi ili apige kura. Nikaeleza vizuri, kwa mifano.

Jumatano, 11 Desemba

"Baba Katunge," Nzisa akaniambia asubuhi, akinipa chai, "peleka mbuzi kwa mwaitu. Anangoja. Amesema hata kama ni kadogo."

Mwaitu ndiyo mama. Nilishangaa kwamba amesema chochote kunihusu.

"Mbuzi si shida. Shida ni kanuni."

"Kanuni gani? Wengine wamepeleka. Jana walikula hapo, wakacheka na yeye. Ni wewe tu."

"Nitasimama mwisho wa mstari. Mbali. Imeisha."

"Sio yeye unakataa," akasema. "Ni vile walimchagua yeye." Kisha akachukua kikombe changu kabla sijamaliza. Nimekasirika siku nzima kwa sababu ya kikombe kile.

Ijumaa, 13 Desemba

Jua kali. Ndengu zimeanza kukauka chini ya shina. Kesho ndiyo kura.

Jumapili, 15 Desemba

Jana sikuweza kuandika. Leo sijaenda kanisani. Nzisa ameenda kwa mama yake tangu jana.

Nitaandika kama ilivyokuwa.

Uwanja wa shule ulijaa mapema. Musyimi alisimama upande wa choo, Syombua upande wa mwembe. Alikuwa amevaa gauni la bluu na leso mpya, fimbo mkononi, mgongo umenyooka. Watu walianza kupanga. Nilisimama pembeni nikisubiri mkia wa mstari wetu utulie, na moyo wangu ulikuwa umejaa kwa sababu tulikuwa wengi. Niliona kwa macho yangu. Wale wakwe waliopeleka mbuzi walikuwa humo ndani, bega kwa bega na wanawake. Mstari wa Musyimi ulikuwa mfupi. Kaveke alikuwa ndani yake, kichwa chini, akitazama visigino vya mtu wa mbele.

Musyimi akaniona nimesimama peke yangu. Ana sauti kubwa, ya mnada.

"Mwenyekiti! Mbona uko nje? Si ulisema mwanaume asimame kwa jua tumuone? Ama unatafuta choo? Hii hapa, nyuma yangu!"

Wakacheka. Mstari wao wote ukacheka, na hilo ningelivumilia, lakini na wetu ukacheka. Wanawake walewale walioshika mbavu kwa ajili ya Kaveke walizishika tena. Mtu mmoja akapaza sauti: "Anaogopa mama mkwe! Alinyima mbuzi!" Kicheko kikawa kikubwa zaidi. Nikamwona Kaveke ameinua kichwa. Hakuwa akicheka. Alikuwa akiniangalia tu, na nilichukia macho yake kuliko kicheko cha wote.

Karani akapuliza filimbi ya kwanza. "Shikeni mabega! Ya pili nikipiga nahesabu wenye wako ndani!"

Mkia wa mstari ulikuwa umefika uzio wa nyuma. Ningeweza kukimbia. Nilikuwa na nafasi ya kutosha. Badala yake nikatembea taratibu mbele ya watu wote hadi mwanzoni, nikamsukuma kando dada wa mke wangu aliyekuwa wa pili, nikaingia nyuma ya Syombua na kuweka mkono wangu wa kulia begani mwake. Nikageuka kumtazama Musyimi ili aone.

Bega lile lilikuwa jembamba sana. Niliusikia mfupa.

Kicheko kilikatika kote uwanjani. Syombua aliivuta leso ikafunika uso wote, akatoka chini ya mkono wangu, akaanza kutembea kuelekea lango la shule bila kuona anakokwenda, fimbo ikipapasa. Mabinti zake wakamkimbilia. Nzisa alinipita kama sipo. Wanawake wa ukoo wao wakafuata, wakamzunguka na kumfunika kwa leso zao kama mtu aliyevuliwa nguo. Wakwe wakatoka pia, kwa sababu hakuna mwanamume angebaki amesimama hapo. Nilibaki mbele ya mstari ulioanza upya hatua nyingi nyuma yangu.

Filimbi ya pili ikalia.

Nilimkimbilia karani. Nikamwambia wale ni wetu, wako pale langoni, awaite.

"Mzee," akasema, na hakuwa mtu mbaya, "ni wewe ulitaka mlolongo. Mimi nahesabu wenye wako kwa mstari."

Walitushinda kwa watu ambao wangeenea kwenye pickup moja. Musyimi hakushangilia. Alikuja akasimama karibu nami, akasema kwa upole, "Kyule, mimi nilikuwa nakutania tu." Hilo ndilo lililoniuma kuliko yote.

Jumatano, 18 Desemba

Kaveke amekuja kufunga bati lililolegea la duka langu. Sikumwita, Nzisa alikuwa amempa kazi hiyo wiki iliyopita. Alipokuwa akishuka kwenye ngazi aliniambia, bila hasira, "Kama ni sanduku, mimi ningekataa mgodi. Na nyumba nzima yangu. Sikuweza kusimama mbele ya Musyimi nimwonyeshe mgongo, na ndiye anabeba bibi yangu."

Nikamwuliza wengine kama yeye walikuwa wangapi. Akasema nihesabu wenye shida.

Jumatano, 25 Desemba

Krismasi. Nzisa alikuja, akapika, akawahudumia watoto wetu waliotoka Nairobi, akarudi kwa mama yake kabla ya giza.

Ijumaa, 3 Januari

Maganda yamekuwa meusi, ni wakati wa kuchuma. Mwethya umepita mashamba yote ya upande wetu isipokuwa langu. Hawakupiga hata kura. Ninachuma peke yangu asubuhi, na jua likipanda maganda yanapasuka mkononi na ndengu zinaruka mchangani. Nazifuata nikiwa nimepiga magoti.

Alhamisi, 9 Januari

Kampuni ilikuwa imempa Syombua hadi mwisho wa mwezi avune. Leo tingatinga limeingia bondeni kutengeneza njia, limelaza nusu ya ndengu zake zilizokauka. Dereva amesema alionyeshwa ramani mbaya. Wameomba radhi na kuahidi kuongeza fidia. Nilitazama kutoka njia ya juu. Alikuwa ameketi juu ya ndoo iliyopinduliwa, mabinti wakiokota walichoweza nyuma ya matairi, na mke wangu kati yao. Nilitaka kushuka. Miguu haikushuka, kwa sababu ningeshuka kumwambia nini, na kwa mdomo gani?

Ijumaa, 17 Januari

Mke wa Kaveke amezikwa leo. Gari la Musyimi limekodiwa na kampuni na halikupatikana kumpeleka Mwingi kwa majuma mawili. Kaveke alinipa mkono kaburini kama alivyowapa wote. Magugu ya shamba lake yamekauka yakiwa yamesimama.

Jumatatu, 20 Januari

Leo nimepeleka mbuzi. Beberu mkubwa, mweupe, hana doa, bora kuliko wote waliotolewa. Nilimkabidhi yule mzee wa kamati ampeleke, pamoja na maneno ya kuomba msamaha niliyoyarudia mara nyingi hadi ayashike. Kabla ya saa sita alirudi na beberu.

"Amesema nini?"

"Hakusema. Alinipa maji nikanywa, akafungua kamba kwa mti, akanipa."

Jumanne, 28 Januari

Wamefukua makaburi. Syombua alitaka kusimamia mwenyewe. Mumewe na mwanawe wamepelekwa makaburi ya umma Kyuso, kwa kuwa hana tena ardhi ya kuwazikia. Amepanga chumba nyuma ya duka la Mumina, ukuta mmoja na duka langu. Nzisa amehamia naye. Mchana nawasikia wakiongea, na nikikohoa wananyamaza.

Nimemwuliza Mumina kama mama anaendelea vizuri. "Anakula," akasema. "Anauliza bei ya mbuzi." Nikafurahi. Nilidhani anataka kuanza kufuga.

Jumamosi, 1 Februari

Joto. Shimo la kwanza limechimbwa bondeni, vumbi jekundu linafika hadi kwenye chai.

Jumanne, 4 Februari

Asubuhi nilikuwa nyumbani nikipura ndengu chache nilizookoa. Lori la Salat, mfanyabiashara wa mifugo wa Kyuso, likasimama langoni kwangu. Vijana wake wakaanza kushusha mbuzi, mmoja baada ya mwingine, kisha ng'ombe, kisha mapipa mawili ya asali. Nikasema wamekosea nyumba. Wakaendelea kushusha. Uwanja wangu ukajaa, mbuzi wakaingia kwenye ndengu zangu wakaanza kula.

Nikatambua hesabu kabla ya kuelewa. Ilikuwa mahari ya Nzisa, yote, kama baba yangu alivyoipeleka bondeni, imenunuliwa upya sokoni kwa fidia ya shamba.

Syombua akashuka kutoka mbele ya lori, akishikiliwa na Nzisa. Kwa mazoea niligeuka niingie ndani, nimpishe. Kisha nikaona kwamba hajajifunika. Leso ilikuwa mabegani, kichwa wazi. Alikuja moja kwa moja hadi nilipokuwa, akasimama karibu kiasi cha kunusa tumbaku yake, akaniangalia machoni. Macho yake ni ya kahawia. Sikuwa nikilijua hilo.

"Kyule," akasema.

Hajawahi kulitamka jina langu. Alilitamka kama anavyotamka jina la mtu yeyote wa sokoni.

"Hesabu, uone kama zimetimia. Hizo ndengu zako zinaliwa, si uzitoe."

Akanyoosha mkono nimpe wangu. Nikampa. Akautikisa mara moja, akamshika bintiye, wakapanda lori wakaondoka.